Nunua maikrofoni kabla ya kamera

Vijana wa hapa Tanga wanaotaka kuongoza vipindi vya vichekesho vya jukwaani huniuliza wanunue kamera gani. Nawajibu waanze na maikrofoni.

Onyesho langu la kwanza nililirekodi kwenye ukumbi mmoja wa Ngamiani. Nilikuwa na kamera tatu na maikrofoni moja tu, ile aliyoishika mchekeshaji. Watu walicheka mpaka machozi. Tulipokaa kuhariri, vicheko vilisikika kwa mbali kama vya nyumba ya jirani, na yule kijana akaonekana anaongea peke yake. Maneno yale alikuwa ameyanoa mwaka mzima! Niliumia sana kwa ajili yake.

Tangu hapo natega maikrofoni mbili au zaidi upande wa watazamaji, mbali na spika, na kila moja inarekodi peke yake. Feni zilizo karibu nazo nazizima. Joto la Tanga mnalijua, kwa hiyo tunaanza baada ya Isha. Viti vya mbele siviwekei wageni rasmi wanaochelewa. Nataka watu wabanane, maana kicheko huambukizana.

Kwenye kubadilisha picha kutoka kamera moja kwenda nyingine, kuwa na subira. Mchekeshaji akikaribia penyewe, pale pa kuchekesha, usimkimbie kwenda kuonyesha watazamaji. Utani mwingi humalizikia kwenye jicho au kwenye kimya. Mzee wetu King Majuto, mwana wa Tanga aliyefariki Agosti 2018, alichekesha kwa uso na mwendo kabla hajatamka neno. Mtu wa namna hiyo ukimpiga picha ya kuanzia kifuani tu umetupa nusu ya kazi yake. Kamera yangu moja haitoki kwenye mwili mzima, mwanzo hadi mwisho.

Ukipata uwezo, rekodi maonyesho mawili, nguo zilezile, ili ukihariri uchukue palipo bora. Fedha ya ukumbi ikitosha siku moja tu, fanya jioni na usiku.

Halafu mjue mtu wako. Stan Lathan wa Marekani amekuwa akiongoza vipindi vya mchekeshaji Dave Chappelle tangu 2000, na mazoea ya muda mrefu namna hiyo hayanunuliki. Mimi huenda kumsikiliza mchekeshaji mara tatu au nne kabla ya kurekodi, nijue anapovuta pumzi na anapopenda kusimama. Na tuandikiane mkataba: kipande gani kitawekwa mtandaoni, lini, na nani analipwa. Utani ukishasambaa, mwenyewe hawezi tena kuupeleka jukwaani, na hiyo ndiyo riziki yake.

Yule kijana wa Ngamiani nilimfuata nikamwomba turudie, kwa gharama yangu. Akakubali. Mama yake alikaa safu ya pili, chini ya maikrofoni, na kicheko cha kwanza kinachosikika kwenye kipindi kile ni chake.