Mwongozaji wa Romeo Must Die ni mpiga picha hasa: Andrzej Bartkowiak

Mdau ameuliza kama mpiga picha wa filamu anaweza kuja kuwa mwongozaji mzuri, akagusia Romeo Must Die. Kagusa penyewe. Aliyeiongoza, Andrzej Bartkowiak, ni Mpoland wa Łódź, kasomea filamu hukohuko, akahamia Marekani miaka ya 1970 na kushika kamera muda mrefu kabla hajaongoza chochote.

Sisi wa vibanda umiza tunamjua kwa Jet Li na DMX: Romeo Must Die (2000), ile ya mifupa kuonekana ikivunjika kama kwenye eksirei, halafu Exit Wounds (2001) na Cradle 2 the Grave (2003). Mimi napiga picha za tamthilia, na aliyenifundisha kazi ni Bartkowiak wa zamani, alipokuwa akimpigia picha za filamu mwongozaji Sidney Lumet.

Tafuteni Prince of the City (1981). Askari wa dawa za kulevya wa New York anageuka shahidi, wenzake wanaangamia. Lumet alieleza kwenye kitabu chake walivyoipanga: lenzi ya kawaida, inayoona karibu kama jicho, marufuku, ni pana sana (inayotanua nafasi) au ndefu sana (inayovuta vitu karibu), umbali usiaminike. Taa nazo zina safari yake. Mwanzoni nyuma ya mtu kunang'aa kumzidi yeye, katikati vinalingana, mwishoni nyuma kunaachwa giza, inabaki sura tu. Mtazamaji haioni hiyo hesabu, ila anahisi jamaa anazidi kuwa peke yake. Nakwambia, hapo nilisimamisha filamu nikarudia upya.

Kwenye The Verdict (1982), Paul Newman akiwa wakili mlevi wa Boston, waliangalia michoro ya Caravaggio, mchoraji wa zamani wa Italia: mwanga wa upande mmoja, vivuli vinaachwa bila kuongezewa taa.

Tangu hapo nikifika lokesheni naanza kwa kuzima taa. Namweka mwigizaji pembeni ya dirisha, upande wa pili natundika kitambaa cheusi. Ngozi zetu zinapendeza sana kwa mwanga wa ubavuni. Ukimpiga taa ya usoni unapata jasho linalong'aa na ukuta mweupe nyuma. Maprodyuza hulalamika picha ni giza, nawaonyesha sura, wananyamaza.

Sasa jibu. Bartkowiak alimpiga picha Jet Li kwanza kwenye Lethal Weapon 4 (1998), ndiyo maana mapigano yake unayafuata vizuri. Jicho alihamia nalo. Hadithi ni fani nyingine, na Street Fighter: The Legend of Chun-Li (2009) inaonyesha wazi kwamba mwanga hauokoi skripti dhaifu. Kwangu mimi, kazi yake kubwa ni ya kamera, na hata Speed (1994) ni picha zake. Yule mwongozaji wa Speed, Jan de Bont, naye alitokea kwenye kamera, kwa hiyo mdau, njia ipo.