Ile picha ya uwanjani, naomba mnisikilize

Nimesikiliza ile voisi mliyonitumia mara tatu. Eti kaka tumesikia uko na ile timu ya Serbia iliyocheza na West Ham, sasa kuna ajenti hapa Bujumbura anasema kwa dola 2500 anampeleka dogo majaribioni hukohuko kwako, mama mdogo keshapata mteja wa kununua kile kiwanja chetu, we sema tu ndiyo tumalize. Mara ya kwanza nilicheka. Mara ya tatu nilikuwa nimekaa kitandani na viatu vya kazi bado viko mguuni, nikasema hapana, leo naandika, na mumsomee mama mdogo polepole kabla hajatia sahihi yoyote.

Sichezi mpira. Mnanijua, hata pale avenyu yetu nilikuwa nawekwa golini kwa sababu mpira ulikuwa wa kwangu. Ile picha ni ya tarehe 30 Novemba 2023, siku West Ham walipokuja hapa Topola, na kile kizibao cha njano mlichodhani ni cha wachezaji wa akiba ni cha vibarua. Walitafuta watu wa kubeba vizuizi na kuokota taka baada ya mechi, nikaenda, nikalipwa usiku huohuo. Goli la Souček wa West Ham dakika ya 89 sikuliona hata, nilikuwa nimeupa uwanja mgongo nafungua mfuko wa taka, nikasikia tu jukwaa zima limenyamaza kama msibani. Nikapiga picha, nikaituma, mkaanza kuandika "mchezaji wetu", na mimi kosa langu ni hilo, sikukanusha. Nilikuwa nimechoka na ilikuwa tamu kusomwa hivo. Basi.

Sasa hii ya "timu ndogo ya mji mdogo, kuingia ni rahisi" ndo inanikera kuliko yote, kwa hiyo ngoja niwape historia yake kama wazee wa hapa wanavyonipa mimi wakati wa chai.

Bačka Topola ni kamji ka kaskazini kabisa mwa Serbia, watu hawafiki hata 15,000, mtaa wetu wa Buyenzi peke yake unakameza na bado una njaa. Wengi wao ni Wahungaria, siyo Waserbia. Timu ilianzishwa 1913 wakati huku kote ni Austria-Hungaria, ndo maana inaitwa TSC, Topolyai Sport Club, jina la Kihungaria. Ikaja vita, mpaka ukahamishwa, watu wakalala nchi moja wakaamka nyingine bila kutoka kitandani, na kila utawala ukiingia timu inabatizwa upya. Enzi za Yugoslavia ikaja kuitwa AIK, manake ilikuwa ya ile kampuni kubwa ya kilimo, kombinati wanaiita, mashamba, mifugo, nyama, mji mzima ukila hapo. Kwenye hiyo AIK ndo alianzia Nikola Žigić, yule jamaa wa mita 2.02 aliyewafunga Arsenal fainali ya Kombe la Ligi 2011 akiwa na Birmingham, halafu Dušan Tadić aliyekuja kuchezea Southampton na Ajax. Wote wawili wamezaliwa hapahapa. Na wote wawili wameondoka. Shikeni hilo, narudi.

Kombinati zikafa, timu nayo ikaporomoka ikarudi ligi za chini huko viwanja vya majani marefu. Iliyoinyanyua siyo bahati wala dua, ni pesa ya serikali ya Hungaria, maana Budapest inawasaidia Wahungaria walioachwa nje ya mpaka, na mpira ni njia mojawapo. Ikajengwa akademi, ukajengwa uwanja wa watu 4,500 uliofunguliwa 2021, mzuri kuliko wa timu nyingi kubwa za hapa. Ligi kuu waliingia mara ya kwanza 2019, msimu wa kwanza tu wakashika nafasi ya 4, wakaenda kufuzu Ligi ya Europa wakacheza na FCSB ya Romania 6-6, sita kwa sita jamani, wakatolewa kwa penalti. 2023 wakamaliza wa pili nyuma ya Red Star, juu ya Partizan, vigogo wa Belgrade hao! Ndo wakajikuta tena Europa, kundi moja na West Ham, Freiburg na Olympiacos, kule London walitangulia kufunga wao, mwisho wakapigwa 3-1. Kundi zima walipata pointi moja, ile 2-2 na Olympiacos hapa nyumbani, na mpaka leo wanaihadithia kama wamechukua kombe.

Kuna mzee mmoja kazini, alikuwa kombinati tangu ujana wake, aliniambia "sisi tuna mjomba Budapest, nyie mjomba wenu nani?" Nikanyamaza. Manake mjomba wa Buyenzi ni mimi.

Na mjomba wenu anafanya kazi gani? Nasimama kwenye mkanda wa kuku. Kuku anakuja ananing'inia miguu juu, keshanyonyolewa, bado ana joto, mimi natia mkono natoa matumbo, nadondosha kwenye chombo, anakuja mwingine. Glovu mbili mbili na bado kucha zinanuka, nanuka kwenye basi, watu hawasemi kitu ila wanafungua dirisha na huko nje ni barafu. Mkuu wetu ananiita Crni, manake Mweusi, jina langu halijui na mwaka wa pili huu, siyo kwa ubaya hata, ndo kinachouma, anasema akicheka na kunipa sigara. Mama anakumbuka Idi nilivyokuwa nakimbia asinitume kumshika kuku achinjwe. Mama, samahani, leo nimeshika pengine elfu mbili.

Kwa nini kazi hiyo inanipata mimi? Turudi kwa Tadić. Vijana wa hapa nao wameondoka. Toka 2011 Hungaria inawapa uraia kwa wepesi, ukishapata ile pasi wewe ni mtu wa Ulaya, unaamka unaenda Ujerumani kufunga maboksi au kuosha wazee. Bibi mwenye nyumba wangu ana wajukuu wawili Stuttgart. Jumapili anaweka simu juu ya meza ameiegemeza kwenye sukari, anawauliza mmekula? mbona mmekonda? lini mnakuja? Neno kwa neno ni mama yangu. Halafu wakikata anafuta meza ambayo ni safi.

Kwa hiyo dogo anataka kuja mahali ambapo wenyewe wanapakimbia.

Na hiyo ya majaribio, dogo ana miaka 17, FIFA hairuhusu asajiliwe nchi nyingine chini ya 18 isipokuwa kwa sababu chache sana, na "ajenti katuahidi" siyo mojawapo. Viza je? Sisi Warundi tuliingia bila viza, na msidhani tulipendwa, ni mambo ya Kosovo, lile jimbo lililojitenga na Serbia, Burundi ilifuta kuitambua Kosovo 2018 ndo Serbia ikatufungulia. Oktoba 2022 wakafunga. Wenzangu wengi walikuwa wameshapita msituni kwenda Kroatia na Ubelgiji, mimi nilibaki kwa uoga, naita kuridhika.

Msiuze kiwanja. Narudia, msiuze kiwanja, huyo ajenti mwambieni anionyeshe barua ya klabu ndo tuongee, atapotea wiki hiyohiyo. Mpelekeni dogo Vital'O, timu ya hapo hapo Bujumbura, au amalize shule kwanza, au ajifunze gereji pale mtaani, fundi wa Toyota hafi njaa. Ila sitaki kuwa yule mtu aliyevuka akavuta ngazi. Akifika 18 na akiwa bado anawatesa mabeki, nitafuteni, nitauliza, kuna Waganda wamecheza Serbia miaka na wakaheshimika, kwa hiyo haiwezekani siyo neno langu. Asije tu kwa mlango huo. Asije kabisa kwa sasa. Tutaona.

Pesa ya mwezi huu nimetuma jana, ni pungufu, msinipigie kuuliza kwa nini, nimenunua miwani. Ile picha ifuteni kwenye grupu. Au mwacheni mama abaki nayo kwenye simu yake, ameizoea.

Naingia saa kumi na moja alfajiri, nalala sasa. Dogo aniandikie mwenyewe namba ya mguu wake, asiongeze "ili nikue navyo", kuna duka hapa linashusha bei ya viatu vya mpira msimu ukiisha.