Desa la majibu halitoshi kwa aljebra ya mstari

SWALI: Shikamoo mwalimu. Niko mwaka wa kwanza, shahada ya takwimu, hapa Dodoma. Aljebra ya mstari inanipiga chenga. Kitabu tulichoelekezwa bei yake siiwezi. Wenzangu wanasoma desa la pasti pepa zilizokwisha kujibiwa, linatolewa kopi steshenari Ng'ong'ona. Linatosha, au ninunue kitabu gani?

JIBU: Marahaba. Halitoshi, na hela yako itunze. Kitabu cha Jim Hefferon, Linear Algebra, kinapakuliwa bure na kihalali, pamoja na kitabu cha pili chenye majibu ya mazoezi yote. Anza nacho. Cha Sheldon Axler, toleo la 4, nacho ni bure, ila kiache kwanza: kimelenga anayelisoma somo hili kwa mara ya pili.

Sasa hilo desa. Kila muhula nasahihisha madhara yake. Mpe aliyelikariri milinganyo hii: 2x + 4y = 6 na x + 2y = 3. Anakimbilia determinanti, yaani namba moja inayokokotolewa kutoka namba zilizo mbele ya x na y: 2 mara 2, toa 4 mara 1, sifuri. Anaandika "hakuna jibu", anapiga mstari chini, anafungua ukurasa mwingine. Lakini weka x = 3 na y = 0, inakubali. Weka x = 1 na y = 1, inakubali tena. Majibu hayana mwisho, maana mlinganyo wa kwanza ni ule wa pili uliozidishwa kwa 2. Ile 3 ya mwisho ifanye 5, ndipo mistari inakuwa sambamba na jibu linakosekana kweli. Determinanti haijabadilika, bado ni sifuri! Inachokuambia ni kwamba jibu la pekee halipo. Kama hakuna kabisa au ni mengi yasiyohesabika, utajua ukipunguza milinganyo mwenyewe, yaani kuondoa x au y kwa kutoa mlinganyo mmoja kwenye mwingine.

Kwa hiyo kitabu chochote utakachoshika, hata cha kuazima, fungua sura ya milinganyo kwanza. Kikisema determinanti ikiwa sifuri hakuna jibu, kirudishe.

Wewe wa takwimu jambo hili litakufuata. Kwenye regresheni, yaani kukadiria kitu kimoja kutokana na vingine, safu mbili za data zikibeba habari ileile, programu itagoma au itaitupa moja, na aliyekariri atadhani kompyuta imeharibika.

Wapo pia wanaotangaza kwenye magrupu ya WhatsApp kwamba watakumalizia somo zima wikiendi moja. Wanavuna hofu ya sapu, mtihani wa marudio. Muulize mmoja wao kwa nini matriksi (jedwali la namba) fulani haina kinyume, bila kutaja determinanti. Akikwama, usimlipe. Nasema hivi kwa uchungu kwa sababu wengi wanaolipa ni walimu watarajiwa, na kanuni hiyo mbovu ya "determinanti sifuri, hakuna jibu" wataipeleka kidato cha tano na cha sita.

Desa kama umeshalinunua, funika majibu, fanya swali hadi mwisho, halafu rudisha jibu lako kwenye milinganyo uone kama linakubali.