Nyie wapya wa udahili, kabla hamjagonga muhuri

Wiki hii nimeletewa rasimu nne za barua za kufuta usajili wa wanafunzi wa chuo, zote kutoka kwa vijana wetu wapya, na zote zinaanza "imebainika kuwa huna sifa". Imebainika na nani? Lini? Mhusika mwenyewe alisema nini? Nimezirudisha, na naandika hapa maana nikianza kwa mdomo nitapiga kelele, na nyie bado nawapenda.

1. Shaka sio kosa. Majina kwenye cheti hayalingani na ya cheti cha kuzaliwa, hiyo ni shaka. Mfumo umewasha nyekundu, shaka. Waliotoa cheti hawajajibu barua yetu ya uhakiki, hiyo hata shaka haijafika, hiyo ni posta.

2. Tuhuma iandikwe inayoeleweka: waraka upi, kasoro gani, kanuni ipi, ushahidi tulionao aambatishiwe nakala, na siku za kujibu ziwe za binadamu sio "ndani ya saa 24".

3. Jalada lisomwe lote. Hapa ngoja nikae vizuri.

Mwaka wangu wa pili kazini nilijiona mkali balaa. Tukawa kwenye uhakiki wa wanaomaliza, nikakutana na binti mmoja, cheti chake cha sekondari kina majina mawili, fomu ya udahili ina matatu na la ukoo ni tofauti kabisa. Nikasema huyu kasomea cheti cha mtu. Sikumwita, sikumpigia, nikachapa barua ya aya moja, bosi akasaini bila kusoma kwa sababu aliniamini, na mpaka leo mtu akisema "nakuamini" tumbo linanicheza. Barua ikaenda kwenye anwani aliyojaza mwaka wa kwanza, wakati alishahama zamani. Alikuja kujua siku ya pepa ya kwanza, mlangoni, jina halimo kwenye orodha, msimamizi akamwambia nenda udahili.

Akanijia na kalamu mbili na kitambulisho mkononi. Hata hakulia. Aliuliza tu, "Kaka, ile hati ya kiapo mliisoma?" Hati gani? Nikafungua jalada mbele yake kwa kujiamini, nimuoneshe hakuna kitu. Ilikuwepo. Imebanwa nyuma ya risiti ya ada, hati ya kiapo ya kubadili jina, ina muhuri wetu wa mapokezi, na saini ya aliyepokea ni yangu. Yaani niliipokea mimi mwenyewe, kwenye zile fujo za usajili wa mwaka uliotangulia!

Mngedhani aibu yenyewe ndiyo hiyo. Hapana. Badala ya kukimbia kwa bosi nikamwambia binti wa watu "subiri nifuatilie", halafu nikakaa na ile hati kwenye droo siku tisa nikitafuta namna ya kurekebisha bila mtu kujua nilivyoboronga. Siku tisa, jamani, na ratiba ya mitihani haimsubiri mtu. Ningesema siku ileile angekosa pepa moja. Alikosa zote. Rekodi tulisafisha, barua ya radhi ikaandikwa (niliichapa mimi, bosi safari hii aliisoma mara tatu), lakini wenzake walishamaliza na yeye akabaki kurudia muhula.

4. Msiniambie "ushahidi ulikuwa wazi". Chuo Kikuu cha Cambridge kiliwahi kumvua msomi Richard Bentley digrii zake bila kumsikiliza, na mwaka 1723 kesi ilipokuwa mahakamani Uingereza jaji mmoja akakumbusha kwamba hata Mungu hakumhukumu Adamu kabla ya kumwita ajieleze. Uko wapi? Umekula lile tunda? Aliyejua kila kitu aliuliza, wewe na Excel yako umeshamaliza kesi.

Na wale wa "kanuni zetu hazijataja kumsikiliza" pia wana jibu lao. India, bodi ya mitihani ilifuta matokeo ya wanafunzi watatu bila kuwaita, ikajitetea hivyohivyo, na mwaka 1962 Mahakama ya Juu ikasema sheria kunyamaza hakuiondolei bodi wajibu wa kuwasikiliza.

5. Sifa zinakaguliwa mlangoni. Kuna kesi nyingine hukohuko India, ya 1975, Chuo Kikuu cha Kurukshetra kilimruhusu mwanafunzi wa sheria afanye mtihani halafu kikamgeukia kwamba mahudhurio yake hayakutosha. Mahakama ikauliza, fomu si mlikuwa nayo, mbona hamkuikagua mapema? Ila msije mkaitumia kumlinda mwenye cheti cha kughushi, yule wa Kurukshetra hakudanganya, hiyo ndiyo tofauti, na hata wa kughushi anaitwa kwanza.

6. Aliyeibua shaka asikae kwenye kikao cha kuamua. Haki ya rufaa na mwisho wa kukata viandikwe kwenye barua yenyewe.

7. "Tumemsimamisha tu kwa muda" ni adhabu, msijidanganye. Marekani, kesi ya Goss dhidi ya Lopez ya 1975, wanafunzi walikuwa wamesimamishwa siku zisizozidi kumi na bado mahakama ikasema waambiwe wanatuhumiwa nini na wapewe nafasi ya kueleza upande wao. Hatari ikiwepo unaweza kumtoa kwanza ukamsikiliza mara baada ya hapo. Na hakuna aliyedai kikao cha mawakili, inaweza kuwa mazungumzo ya dakika chache. Dakika chache zinawashinda, kuchapa barua hakuwashindi?

Rasimu zenu ziko kwenye trei. Namba za simu ziko kwenye fomu, ukurasa wa pili, ule ambao hamuugeuzi. Nimeshapiga ya kwanza: kijana kasema cheti halisi alikileta Jumatatu, na aliyekipokea ni mmoja wenu.