Mtu Mfupi, Jina Kubwa

SWALI: Mheshimiwa Mhariri, hivi karibuni nilitazama filamu ya Brazili iitwayo Macunaíma. Mwanzoni mwanamke anajifungua akiwa amesimama, mtoto anadondoka chini, kumbe ni mtu mzima mweusi, mfupi, analia kama kichanga. Nimeambiwa kuwa mwigizaji huyo ni Grande Otelo, yaani Otelo Mkubwa. Kwa kimo kile, ukubwa aliupata wapi? Na je, ni kweli kwamba alifia uwanja wa ndege? – Msomaji, Tanga.

JIBU: Ndugu msomaji, nianze na hilo la pili kwa kuwa ni fupi. Ni kweli. Alifariki kwa ugonjwa wa moyo Novemba 1993, mara tu baada ya kutua Paris, akiwa njiani kwenda Nantes, mji mwingine wa Ufaransa, ambako tamasha la filamu lilikuwa limeandaa kumuenzi.

Sasa turudi kwenye jina. Otelo, ambaye jina lake halisi ni Sebastião Prata, alizaliwa mwaka 1915 mjini Uberlândia, katika jimbo la Minas Gerais, akaingia jukwaani tangu utotoni. Inasimuliwa kuwa mwalimu wake wa uimbaji alitabiri kwamba akikua ataweza kuimba nafasi ya Otelo, yule jemadari mweusi, katika opera (mchezo wa kuigiza unaoimbwa) ya Mwitaliano Verdi, na hapo wenzake wakaanza kumwita Otelo Mdogo. Alipofika Rio de Janeiro katika miaka ya 1930, Mdogo akageuzwa Mkubwa. Ulikuwa utani, maana kimo hakikuongezeka. Kilichoongezeka ni sifa. Alitumbuiza katika Kasino ya Urca jijini humo, mahali ambapo matajiri walimshangilia ukumbini ilhali wasanii weusi walitakiwa kuingilia mlango wa nyuma. Mwongozaji wa filamu wa Marekani, Orson Welles, alipokwenda Rio mwaka 1942 kupiga picha za karnivali, alimchagua yeye kuigiza, ingawa filamu ile haikukamilishwa kamwe.

Mwaka 1943 kampuni ya filamu ya Atlântida ilitoa Moleque Tião, iliyotokana na maisha yake mwenyewe, na kwa bahati mbaya nakala zake zimepotea. Umaarufu mkubwa zaidi ulitokana na vichekesho vya muziki ambavyo Wabrazili huviita chanchada, alivyoigiza pamoja na Oscarito, mzaliwa wa Hispania aliyetoka katika ukoo wa wanasarakasi. Filamu ya Kimarekani High Noon ilipooneshwa Brazili kwa jina lenye maana ya "Kuua au Kufa", wawili hawa walijibu mwaka 1954 kwa dhihaka yao: "Kuua au Kukimbia". Wakosoaji wa wakati ule walivibeza vichekesho hivyo, na kwa maoni yangu walikosea, kwa sababu watu wa kawaida walijaza kumbi ili wajisikie wakisemwa kwa lugha yao wenyewe. Hata hivyo, mtu mweusi katika filamu hizo mara nyingi alibaki kuwa msaidizi wa shujaa, na Otelo hakuificha kero hiyo.

Kwa hiyo kile kichanga ulichokiona katika Macunaíma, filamu ya mwaka 1969, kilikuwa mzee wa kazi mwenye zaidi ya miaka 50, na nafasi hiyo ilimpatia tuzo ya mwigizaji bora katika tamasha la filamu la Brasília. Kumbuka pia kwamba baadaye katika hadithi Macunaíma anageuka mzungu, na hapo Otelo anampisha mwigizaji mwingine, Paulo José. Utacheka, lakini kicheko chenyewe kitakukwama kooni.

Ukitaka kumfahamu vizuri zaidi, tafuta Rio, Zona Norte ya mwaka 1957, iliyoongozwa na Nelson Pereira dos Santos. Humo yeye ni mtunzi maskini wa samba ambaye nyimbo zake huchukuliwa na wajanja, na anayakumbuka yote hayo akiwa amelala kando ya reli baada ya kuanguka kutoka kwenye treni. Iko sehemu anayomwimbia wimbo wake mwimbaji mashuhuri Ângela Maria, naye Ângela anaupokea na kuuimba. Usimtazame Ângela, mtazame Otelo usoni anavyousikiliza wimbo wake ukitoka katika kinywa cha mtu mwingine.