Miaka miwili na maneno kumi: nimngoje?

SWALI: Assalaam alaikum. Mwanangu ana miaka 2 na miezi 2. Ana maneno kama kumi tu: mama, maji, "tutu" (tuktuk), "ham" (hamri). Mimi na babake twasema naye Kiswahili, bibi yake Kidigo, na katuni ni za Kiingereza. Jirani asema lugha zamchanganya. Mwengine asema akatwe uzi wa chini ya ulimi. – Mama K., Likoni

JIBU: Waalaikum salaam. Lugha nyingi hazimcheleweshi mtoto, kwa hivyo bibi aendelee na Kidigo chake. Hesabu maneno ya lugha zote: "maji" kwako na "madzi" kwa bibi ni mawili. "Tutu" pia ni neno, mradi kila alisemapo maana yake ni ile ile. Hata hivyo, kufikia miaka 2 twatarajia yapata maneno 50, na mtoto awe ameanza kuunga mawili: "taka maji", "baba kuja". (Kuangusha "na-" ya "nataka" si tatizo.) Kumi ni machache. Usingoje.

Anza na masikio. Mafua ya mara kwa mara huweza kuacha majimaji nyuma ya kiwambo cha sikio. Mtoto hugeuka mlango ukibamizwa, nanyi mkaridhika, kumbe sauti hafifu kama "s" na "f" hazimfikii. Mpeleke kliniki ya masikio, pua na koo, akapimwe usikivu. Uzi wa ulimi ukiwa mfupi sana huweza kusumbua kunyonya au sauti chache. Haumnyimi mtoto maneno. Wembe wa mtaani usimguse.

Kisha mwambie "lete kiatu" bila kukionyesha kwa kidole wala kwa macho. Haelewi? Haonyeshi kwa kidole anachokitaka? Amepoteza maneno aliyokuwa nayo? Hata moja kati ya hayo latosha kumwona daktari wiki hii hii.

Katuni zisizidi saa 1 kwa siku, ndivyo Shirika la Afya Duniani linavyoshauri kwa umri wake, na zikipungua ni bora: katuni haimngoji mtoto ajibu. Wewe mngoje. Shika embe mkono huu, ndizi mkono huu, uliza "Embe au ndizi?", halafu nyamaza, uhesabu moyoni hadi kumi. Hapo ndipo wazazi wengi hushindwa, wakajijibu wenyewe. Akisema "embe", ongeza neno moja tu: "Embe tamu." Akinyoosha mkono bila kusema, litaje wewe, umpe. Kumnyima mpaka aseme humtia hasira tu.

SWALI: Wangu wa miaka 3 alisema vizuri, sasa ni "ni-ni-nipe". Twamwambia avute pumzi. – Baba, Kisauni

JIBU: Acheni hilo la pumzi, lamfanya aogope kusema. Kigugumizi huanza sana kati ya miaka 2 na 5, na kwa wengi huondoka chenyewe. Mtazameni, amalize, kisha mjibu alichosema. Kikipita miezi 6, au akikaza uso, au ikiwa ukooni yuko mtu mzima mwenye kigugumizi, mtafutieni mtaalamu wa usemi.