Barua kwa mwanangu: Kuishi kwa kuigiza kwa Kiwelisi

Mwanangu mpendwa,

Salamu nyingi kutoka nyumbani. Katika barua yako kutoka Cardiff umeniuliza mwigizaji ambaye si nyota anawezaje kupata riziki ya maisha yake yote kwa kuigiza kwa Kiwelisi, lugha ambayo sensa ya 2021 iliwahesabu wasemaji wake huko Welisi kuwa takriban 538,000 tu.

Mtazame Huw Ceredig, aliyezaliwa mwaka 1942 na kufariki 2011, kaka yake mwimbaji Dafydd Iwan. BBC ilipoanzisha Pobol y Cwm mwaka 1974, tamthilia ya mfululizo kuhusu watu wa Cwmderi, kijiji cha kubuni, alipewa nafasi ya Reg Harries na akaishikilia hadi 2003. Wapo watakaosema kwamba huko ni kudumaa. Mimi sikubali, kwa sababu kuzeeka mbele ya watazamaji bila kumchosha mtu ni ufundi ambao wengi wenye sura nzuri hawana. Tena aliweza kubadilika: katika Twin Town, filamu ya Kiingereza ya mwaka 1997, yeye ndiye baba anayeanguka kazini, kisha tajiri wake anakataa kumlipa fidia.

Hata hivyo, kipaji peke yake kisingemlisha. Mwaka 1980 serikali ya London ilitaka kuivunja ahadi yake ya kuanzisha stesheni ya televisheni ya Kiwelisi, ndipo mwanasiasa Gwynfor Evans akatangaza kwamba angegoma kula hadi kufa; serikali ikarudi nyuma, na stesheni hiyo, iliyoitwa S4C, ikaanza kurusha matangazo tarehe 1 Novemba 1982. Pobol y Cwm ikahamia huko, na waandishi, mafundi na waigizaji wa nafasi ndogondogo wakapata mahali pa kubisha hodi.

Siku hizi bajeti nayo huwalazimisha kufanya kazi maradufu. Y Gwyll, tamthilia ya upelelezi iliyopigwa picha Aberystwyth na kuanza kuonyeshwa 2013, ilirekodiwa kwa lugha mbili: tukio likiisha kwa Kiwelisi, kamera zinawashwa tena na waigizaji wanalirudia kwa Kiingereza, hivyo aliyekwisha kulia hana budi kulia upya (na sidhani kama machozi ya pili hulipwa zaidi). Kwa hiyo ukiwaona watu walewale leo ni polisi, kesho ni wachungaji wa kanisa, usishangae. Wenye uwezo huo ndio wanaopigiwa simu.

Wako akupendaye,
Baba